Muhuri wa Gyu-chan

"Shangazi, nifungie keki za mchele za won elfu tatu."

Katikati ya mvuke na makelele ya soko la Jaetgol, Bo-ryeong aliinua uso, aproni yake nyekundu imejaa unga. "Shangazi yako nani? Nina miaka ishirini na sita!"

Kijana mwenye koti jeusi la sufi, masikio yamemwiva kwa baridi, akacheka. "Nisamehe, mrembo. Basi niongeze kidogo."

"Kwa kunizeesha? Nakupunguzia!"

Tangu siku hiyo kijana huyo, Gyu-chan, akawa harudi nyumbani bila kupita hapo, hata akiwa ameshiba. Wakapendana, na Bo-ryeong akamweleza maana ya Jaetgol, Bonde la Majivu. Baada ya vita, vibanda vya wakimbizi viliteketea pale. Babu yake hakupatikana hata mfupa.

"Wenzetu wana makaburi ya kupalilia," alisema. "Sisi tuna hilo jina tu."

Kisha wenye maghorofa mapya wakataka mtaa uitwe Haetsal, Mwanga wa Jua, ili nyumba zao zipande bei. Fomu ya kukubali ikapitishwa mlango kwa mlango. Ilipofika kibandani, Bo-ryeong aliisoma kwa kidole, na kidole kikaganda juu ya muhuri mwekundu wenye jina la Gyu-chan, uliogongwa badala ya saini.

Akampigia simu palepale. "Umegonga muhuri?"

"Muhuri gani, mpenzi? Mungu wangu. Mihuri yetu yote anaiweka mama, kwenye droo yake..."

"Mwanamume mzima unagongewa na mama! Na ndoa atakugongea yeye?" Akakata.

Miezi miwili hakupokea simu yake. Jina jipya likapita. Asubuhi mafundi walipokuwa wakiondoa kibao cha zamani cha mtaa, Gyu-chan alisimama mbele ya kibanda, amekonda.

"Nilikwenda kuufuta ule muhuri. Wakasema nimechelewa."

"Sasa umefuata nini?"

Akaweka muhuri mdogo wa mti juu ya meza ya unga. "Nimeuchukua kwa mama. Amelia, lakini nimeuchukua. Ukae kwako. Usiporidhia, haugongwi popote. Nataka ugongwe kwenye karatasi yetu ya ndoa."

Nje, kibao kilianguka kwa kishindo. Bo-ryeong hakutabasamu. Aliufuta muhuri wino kwa aproni, taratibu, akautia mfukoni.

"Keshokutwa tunamwandalia babu chakula cha kumbukumbu," alisema. "Uje mapema, Gyu-chan. Tukaisubiri roho yake njiani. Kwa jina jipya, mtaa hataujua."