Nilificha Ngozi za Mama Guyo, Kisha Nikaapa kwa Biblia

Nina miaka arobaini na tisa. Nina duka la viatu na mikoba hapa Isiolo mjini, na nina mtoto mmoja tu, Mwenda, ambaye siku hizi akinipigia simu ananiuliza kama niko salama, halafu anakata. Mkisoma mpaka mwisho mtajua ni kwa nini... na sidhani mtanihurumia. Ni sawa. Sijaandika ndiyo mnihurumie.

Nilitoka Meru nikiwa nimeolewa na fundi wa viatu, tukapanga chumba kimoja hapa mjini. Nilipojifungua Mwenda nilishikwa na homa kali, maziwa yakakatika. Mtoto alilia siku mbili mfululizo! Mume wangu alikuwa safarini, na mimi hata kukaa kitandani sikuweza.

Jirani yetu wa ploti alikuwa Mborana kutoka Kinna, naye alikuwa ananyonyesha mwanawe Guyo. Aliingia kwangu bila kubisha, akamwinua Mwenda, akampa titi. Siku hiyo, na siku iliyofuata, na miezi mitatu mizima. Kwa Waislamu, mtoto ukimnyonyesha hivyo amekuwa wako, ni ndugu wa watoto wako kabisa.

"Huyu sasa tunagawana, Mama Mwenda," aliniambia akicheka. "Ukitaka kumchapa, uniulize kwanza."

Huyo ndiye Mama Guyo. Huyo ndiye mtu niliyemtendea haya ninayowaeleza.

Miaka ilienda. Mume wangu alifariki, akaniachia duka. Mwenda akakua akila nyumba mbili, kwangu githeri, kwa Mama Guyo nyama na maziwa. Serikali za kaunti zilipoanza, akina mama wengi mjini walijiunga na vyama, na sisi tukaanzisha chetu. Tulikuwa kumi na wawili... Waborana, Waturkana, Wasomali, na sisi Wameru wawili. Kazi yetu ilikuwa ngozi ya kondoo.

Mnajua ile ngozi ilikuwa inatupwa? Mtu anachinja, anakula, mbwa wanaburuta ngozi barabarani! Mama Guyo ndiye aliyetufungua macho. Alizunguka vichinjio na manyatta akifundisha watu kuchuna kondoo kwa ngumi, si kwa kisu, maana kisu kikipita kidogo tu ngozi imeharibika. Tukapaka chumvi, tukaloweka, tukaponda maganda ya mgunga na kuzilaza humo wiki baada ya wiki mpaka ziive. Mikono yake ilikuwa ya hudhurungi mpaka kwenye viwiko. Alikuwa akichukua ngozi anaiweka shavuni, anafumba macho.

"Huyu bado analia," alikuwa akisema, na kuirudisha ndani ya pipa.

Alikuwa hakosei.

Lakini ngozi zetu zilikuwa na makovu. Kondoo wa huku anaishi kwenye miiba. Anakwaruzwa, anaumwa na kupe, na ngozi inabaki na mistari mirefu hata ukiifanya nini. Mama Guyo alikuwa anapapasa mstari na kusema huyu alikuwa kondoo wa Leparua, huyu wa Ngaremara, na sisi tunacheka, tunamwambia aache uongo. Wengine walicheka tu. Mimi, jameni, nilikuwa naona haya. Dukani kwangu wateja walikuwa wanashika mkoba wetu, wanauliza kwa nini umechanikachanika, halafu wananunua ule wa kutoka nje. Hiyo kitu iliniuma sana.

Sasa akaja mgeni. Mama mmoja mzungu, mwenye kutengeneza jaketi na mikoba kwao, na kijana Mkenya wa kumtafsiria. Alikaa kwenye kibanda chetu asubuhi nzima akishikashika. Nilimwona anapitisha kidole juu ya kovu moja refu, nikaruka haraka kumwambia hayo tutayaondoa, asijali. Yeye alitabasamu tu. Akachagua sampuli moja, akaifunga kwenye karatasi, akatoa oda ya ngozi mia moja. Atarudi baada ya miezi mitatu. Zikimpendeza, tutakuwa tunamuuzia kila mwaka!

Siku hiyo tulicheza mpaka vumbi likapanda. Mama Ekal, Mturkana mnene mwenye sauti ya kuita mifugo, ambaye ndiye mwenyekiti wetu, alinibeba juu kama mtoto.

Halafu mvua ikakosa. Kondoo walikonda, na wengine wakafa huko huko malishoni. Tulipata ngozi, ndiyo, Mama Guyo alizitafuta kwa miguu, lakini zilikuwa nyembamba na makovu yalizidi. Kila nikiingia stoo naona mistari tu. Nikaanza kukosa raha. Nikajiambia huyu mgeni akiona takataka hii atatucheka, na mimi ndiye niliyeongea naye, mimi ndiye nitakayeaibika.

Wasomaji wenzangu, si njaa iliyonisukuma. Ilikuwa aibu. Nilikuwa naonea haya kitu chetu wenyewe!

Nilienda Nairobi kununua soli za viatu, nikaingia duka la mzee mmoja anayeuza ngozi za kutoka ng'ambo. Lo! Ngozi ya kondoo nyororo, haina hata alama moja, hudhurungi ileile ya zetu. Nikaishika nikasahau kuiachilia. Mzee akanicheka.

"Hiyo imekuja na meli, mama," akasema. "Na usishangae ikiwa ni kondoo wa huko kwenu. Waliondoka hapa wabichi na chumvi yao, wakarudi wamesoma."

Bei yake ilikuwa chini kuliko jasho letu. Nilichukua ngozi mia moja.

Stoo ya chama ilikuwa na funguo mbili. Mmoja ulikaa shingoni mwa Mama Guyo kwa sababu yeye ndiye mwenye kazi, mwingine ulikuwa kwangu kwa sababu mimi ndiye napeleka mali kwa wateja. Wiki hiyo mama yake mzazi alikuwa mgonjwa huko Kinna. Mimi ndiye niliyemsukuma aende! Nikamwambia nenda ukamwone mzazi, stoo niachie mimi. Alinishukuru. Alinishika mikono yote miwili akanishukuru...

Alipoondoka, nilitoa ngozi zetu zote stoo. Ningechanganya tofauti ingeonekana, kwa hivyo sikubakisha hata moja. Nikazishindilia kwenye magunia, nikazificha chumba cha nyuma cha duka langu. Nikapanga zile za Nairobi vizuri, nikagonga muhuri wa chama nyuma ya kila moja.

Mama Guyo alirudi siku moja kabla ya mgeni kufika. Mchana huo nilimpelekea chai kibandani. Alikuwa amenyamaza, nikadhani ni mambo ya mama yake. Aliniuliza tu kama nina neno la kumwambia. Nikamwambia sina, kila kitu kiko tayari.

Mgeni akaja. Tulikuwa tumevaa nguo za sikukuu. Tulizitandaza ngozi mezani zikang'aa, wenzangu wakatoa macho wakifikiri Mama Guyo amefanya miujiza. Mgeni akainua ya kwanza, akaigeuza. Ya pili. Ya kumi. Alikuwa anatafuta kitu! Mwisho akamwambia yule kijana maneno machache, na kijana akatugeukia akiwa haelewi.

"Anauliza, makovu yako wapi?"

Akafungua begi lake, akatoa ile sampuli. Ilikuwa na kovu refu katikati, na kumbe ndilo lililomfanya aichague! Kijana akatueleza. Ngozi laini kama hizi za mezani nchi yake inaagiza kutoka kila pembe, zinajaza maghala, hana haja ya kupanda ndege kufuata Isiolo. Alitaka ile iliyoishi kwenye miiba. Alitaka watu wake washike mkoba na waone kondoo aliishi wapi.

Hakugombana na mtu. Aliikunja sampuli yake, akatuaga mmoja mmoja kwa mkono, akaenda.

Kelele iliyozuka sitaisahau. Nani amebadilisha ngozi? Ziko wapi zetu? Mama Ekal aligonga meza, akasema funguo ni mbili na watu ni wawili, kwa hivyo kila mmoja ataapa kwa dini yake kwamba hakubadilisha ngozi, na kwamba hamjui aliyebadilisha.

Ikaletwa Biblia. Nilijikaza. Niliweka mkono juu yake mbele ya akina mama kumi na mmoja, nikaapa. Nikasema haki ya Mungu, mimi sijui.

Ikawa zamu ya Mama Guyo. Msahafu ulikuwa umewekwa mbele yake juu ya kitambaa safi. Aliutazama, akanitazama mimi. Alinitazama muda mrefu.

"Mimi siapi," akasema.

"Kwa nini huapi?" Mama Ekal akapaza sauti. "Kama wewe ni msafi, apa!"

"Siapi, Mama Ekal. Mfanye mnavyotaka."

Huku kwetu mtu akikataa kuapa, basi, kesi imeisha. Kwani mtu msafi anaogopa nini? Watu wakaguna. Mmoja akasema kumbe safari ya Kinna ilikuwa ya kupeleka mali. Na mimi nilikuwepo! Nilikuwa na mdomo, nilikuwa na ulimi... nikatazama miguu yangu.

Alivua ufunguo shingoni, akauweka mezani, akajitanda shuka yake, akatoka. Tangu siku hiyo sokoni walimwita mwizi wa ngozi. Wauzaji walikuwa wakimwona wanavuta vitu vyao karibu. Baada ya miezi miwili alifunga virago akarudi Kinna.

Na zile ngozi nilizoficha? Niliogopa kuzigusa. Nilipofungua magunia, wadudu walikuwa wamezila zote. Kazi ya mikono yake ilikuwa unga! Nilikaa chini nikalia, lakini hata kulia nililia kwa sauti ndogo, majirani wasisikie.

Nilivumilia mwaka mzima. Kanisani sikuweza hata kufungua Biblia. Mwisho nikapiga moyo konde, nikaenda Kinna. Nilimkuta kwenye kishamba chake cha mahindi kando ya mfereji, amekonda, anakohoa. Akanisalimia kama zamani.

"Nagaa, Mama Mwenda? Mtoto wetu yuko mzima?"

Nilianguka magotini, nikamwambia yote. Aliendelea kung'oa majani.

"Hayo nayajua," akasema. "Siku niliyorudi niliingia stoo, nikaweka ile ngozi shavuni. Haikuwa ya mkono wangu. Nikaja dukani kwako, wewe ulikuwa umetoka kidogo, nikaona magunia ya ngozi zetu kule nyuma. Ile chai uliyoniletea, nilikuwa nangoja uniambie. Hata ile siku ya kuapa nilikuwa bado nangoja."

"Sasa kwa nini hukusema?" nikamuuliza. "Kwa nini hukuapa?"

"Ningeapa sijui? Nilikuwa najua. Uongo siwezi kuapia. Na ningesema ukweli, ningekutaja wewe." Akanyanyua macho. "Wewe ni mama wa mtoto wangu. Mwenda angetembea vipi mjini?"

Nilimshika miguu nikaomba msamaha. Aliniinua, lakini alikataa kunipa.

"Msamaha wa hapa shambani haunisaidii," akaniambia. "Uliapa mbele ya akina mama wote. Nenda ukaseme mbele yao. Halafu uje tunywe chai."

Niliahidi. Nilirudi mjini nimeamua kabisa. Mkutano wa kwanza nikasema wacha nipumzike na safari. Wa pili kulikuwa na wageni. Wa tatu nikajifanya mgonjwa. Wiki zikaenda hivyo... mpaka Guyo akapiga simu. Hakunipigia mimi, alimpigia Mwenda. Mama yao amefariki, kifua kimemmaliza.

Tulifika Kinna amekwisha zikwa. Guyo na ndugu zake walikuwa wamekaa kwenye mkeka wakipokea watu. Walimwona Mwenda wakasogea, wakamwachia nafasi katikati yao kama ndugu yao. Mama Ekal na wenzetu wa chama walikuwepo pia, wamekaa upande wa wanawake. Walikuja kwa heshima, lakini nilisikia mmoja akinong'ona, masikini, alikuwa mtu mzuri kabla ya yale mambo ya ngozi.

Mwenda naye alisikia. Aliinuka kwenye mkeka, akaja mpaka nilipoketi, macho mekundu.

"Mama," akaniuliza mbele ya wote, "ni kweli aliiba?"

Hapo ndipo niliposema. Nilisimama nikasema yote, stoo, Nairobi, magunia, Biblia. Hakuna aliyenitukana. Mama Ekal alijifunika uso na leso akaanza kulia, akiita jina la Mama Guyo, akimwomba amrudie kidogo tu amwambie neno. Mwenda alinisikiliza mpaka mwisho. Kisha akageuka, akarudi kuketi na ndugu zake, na nilipoondoka hakuondoka nami.

Wasomaji wangu, nawasihi. Ukiwa na neno la kumsafisha mtu, liseme leo, hata kama sauti inatetemeka, hata kama kuna wageni! Usingoje mkutano ujao kama mimi. Na usionee haya kitu cha kwenu mpaka umuuze aliyekitengeneza.

Akina mama walinipa ule ufunguo wa Mama Guyo, ati nikae nao mimi, kama adhabu. Uko kwenye msumari mbele ya meza yangu ya duka. Kila asubuhi nikifungua mlango nauona, na kila asubuhi nachemsha chai ya vikombe viwili bila kufikiri, halafu nakumbuka kwamba Mama Guyo alisema tutakunywa nikishasema.