Sauti ya Bomba Kavu

Haya yalimpata jirani yetu, fundi bomba tuliyemwita Spana, na mengi nimeyapata kwa mkewe, mwanamke asiyejua kutia chumvi.

Asubuhi yenyewe ilikuwa kama nyingine yoyote. Spana alikunywa chai amesimama, akagombana na mkewe juu ya soksi, kisha akaenda kwa mwalimu mmoja mstaafu, mjane, aliyelalamika kuwa ukuta wa bafu lake unavuma.

"Ni hewa tu kwenye bomba, mama," alisema kabla hata hajafungua mkoba wa zana. "Nusu saa nimemaliza."

Nusu saa ikawa siku nzima. Alifunga valvu kuu, mvumo ukaendelea. Akamwaga maji yote ya tangi, mvumo ukaendelea. Akabomoa plasta, akakata bomba lenyewe kwa msumeno. Lilikuwa kavu kama kuni, na mvumo ukaendelea, mzito, wa chini, kama mtu anayeimba amefumba mdomo. Spana akautupa msumeno sakafuni. Miaka ishirini kazini, na leo bomba linamfanya mjinga!

Akaweka sikio kwenye tundu.

"Funga mlango, mtoto anaoga," ilisema sauti ya kike, mle ndani.

Alirudi nyuma akakanyaga ndoo. Mwalimu alikuwa amesimama mlangoni, na wala hakushtuka.

"Wanangu wanasema huyo ni bibi yao, mama mkwe wangu," alinong'ona. "Mimi simkumbuki tena."

"Kumbe ulijua, mama?"

"Ningekwambia, ungekuja?"

Akamwonyesha kikaratasi kilichobandikwa kwenye kioo. Kiliandikwa jina la mwanamume. "Marehemu mume wangu huyo. Nalisoma kila asubuhi kama mtu asomaye kibao cha duka. Huo mvumo unatunza kumbukumbu, baba, ila haubakishi nakala. Ukilisikia jambo lako humo, kichwani kwako linaanza kutoka. Ziba tundu, uende zako."

Spana aliguna, akakoroga saruji. Alikuwa ameshainua mwiko ukutani pale alipoitwa.

"Kaka."

Akaushusha mwiko.

"Kaka, nisikilize kwanza. Nina..." Kisha ikafuata sauti yake Spana mwenyewe, ya ukali: "Niko kazini!" Halafu mvumo mtupu.

Miaka sita nyuma, mdogo wake alimpigia simu mchana. Spana akamkatia. Jioni aliitwa kwenda kuutambua mwili. Tangu siku hiyo swali moja lilikuwa likimtafuna: nina nini? Nina shida? Nina habari njema? Nina hofu?

Kesho yake alirudi. Kesho kutwa akarudi tena. Wateja walipiga simu, hakupokea. Na kila siku ikawa yale yale. "Nina..." na ukali wake, na mvumo. "Nina..." na ukali wake, na mvumo. Aliupiga ukuta ngumi mpaka vidole vikachubuka. Akabembeleza. Akatukana.

"Malizia basi!" alifoka. "Si nakusikiliza sasa? Malizia!"

"Mvumo hauwezi, baba," alinong'ona mwalimu nyuma ya mlango. "Unacho kile ulichokisikia wewe tu. Na wewe ndiye uliyekata."

Nyumbani alianza kupwaya. Alisahau kazi aliyofanya mdogo wake. Akasahau kovu la kidevuni. Ijumaa mkewe alimtajia kaburi, akauliza kaburi gani.

"Baba watoto, utakwenda huko mpaka lini?"

"Mpaka amalize."

Siku ya tisa, saa nne asubuhi, jua likiwaka, mkewe alimfuata. Alimkuta amepiga magoti bafuni, sikio tunduni. Mvumo ulikuwa umepanda. Ulikuwa kama pumzi inayovutwa. Inavutwa tu, haishushwi.

Mkewe hakusikia neno hata moja. Alimwona mumewe akiitikia kwa kichwa. Ndiyo. Ndiyo. Kama mtu aliye kwenye simu. Machozi yalimtiririka mpaka shingoni.

Mvumo ukakatika.

Spana akainuka, akajipangusa magoti. Uso ulikuwa umetulia.

"Amemaliza kusema."

"Amesema nini mdogo wako?"

Alimtazama mkewe kwa upole, kama mtu aliyeulizwa njia ya mtaa asioujua.

"Mdogo wangu yupi? Mimi nilizaliwa peke yangu."

Mkewe alimshika kola, akamtikisa. Ampe maneno yake tu! Hata neno moja! Spana alikunja uso, akajitahidi kweli, mishipa ikamtoka kwenye paji. Hakuna kitu. Palikuwa na mtu, alisema, na mtu huyo alikuwa na jambo, na jambo hilo limekwisha. Basi.

Mwalimu alikuwa amejikunyata kwenye kona ya ukumbi. "Humo hamna lisilowahi kusikiwa na mtu," alinong'ona. "Hayo ya baada ya simu kukatwa aliyasikia nani?"

Mkewe alimvuta Spana mkono, wakatoka.

Ukuta ulizibwa, na mpaka leo haujavuma tena. Spana amerudi kazini, anapiga mluzi, na watu husema amekuwa mcheshi kuliko zamani. Anayekonda ni mkewe. Amemwekea picha za mdogo wake mezani, amemsimulia, amelia, amevunja sahani. Mumewe husikiliza kwa adabu, kisha humpa pole kwa msiba wake.

Wiki iliyopita mkewe alinivuta mkono kimyakimya, akaniingiza chumbani kwao. Chumba hicho hakijawahi kuwa na bomba. Juu ya mto wa Spana, rangi ya ukuta imetuna, kubwa kama kiganja. Mkewe amekwangua na kupaka upya mara tatu. Nikainama kutazama. Ni sikio. Halikubonyezwa kutoka chumbani. Limetuna kuja kwetu, kama la mtu aliyejibanza ndani ya ukuta, akisikiliza.

Nililigusa. Lina joto.