Benchi la Mzee Kesho

Benchi la ukumbini lilikuwa limelowa, na mvua ilikuwa haijanyesha tangu mwezi uandame. Mzee Kesho aliliona jioni alipokuwa akifunga dirisha la ofisi. Maji yalikaa mahali pa mtu mmoja tu, mwishoni, karibu na ukuta. Akamlaumu mfagizi kimoyomoyo, akaenda zake nyumbani kula kiporo peke yake.

Jina la Kesho alibandikwa na wadaiwa. Ofisi yake ilikusanya madeni ya serikali, hasa kodi za nyumba, na sheria ilimtaka amsikilize kila anayepinga deni kabla vitu vyake havijabebwa. Lakini kusikiliza kunachosha bwana, na yeye alikuwa na dawa yake: "Njoo kesho." Tuseme kweli, hakuwa mtu mbaya. Alikuwa mvivu wa masikio tu, na uvivu huo umefilisi watu kuliko wezi.

Mmoja wa hao watu alikuwa mama mshonaji, aliyedaiwa kodi ya nyumba ya serikali aliyokwisha kuihama. Alikuja jua likiwaka, alikuja mvua ikinyesha, akakaa mwisho wa benchi.

"Bwana, nina neno moja tu."

"Kesho, mama."

Siku moja alilowa chapachapa, akarudi kwake na homa, na homa ikamzika. Deni likahamia kwa binti yake.

Jioni ya pili benchi lilikuwa limelowa tena, na safari hii palikuwa na harufu ya nguo iliyoanikwa kivulini. Jioni iliyofuata ukaja mlio wa funguo zikigongana taratibu.

"Nani?" Mzee Kesho alinong'ona.

"Mimi," ilijibu sauti ya yule mama. "Kesho imefika?"

Mazoea yana tabu. Mdomo wake ukatangulia akili. "Bado. Njoo kesho."

Basi ikaja. Ikaja kesho yake na kesho ya kesho yake, ikaacha benchi ikamfuata njiani, ikaingia naye hadi jikoni, mahali ambapo tangu mkewe afariki hapakuwa na pumzi nyingine ila yake, na akila anasikia funguo, akilala anasikia harufu ya nguo mbichi ikipanda kutoka upande wa kitanda uliokuwa mtupu miaka yote hiyo, na yeye mtu mzima na mvi zake akajifunika shuka gubigubi akilia bila sauti.

Alimpigia simu mwanawe. "Mwanangu, kuna kitu kinanifuata."

"Niko kazini, baba. Kesho nitakupigia, sawa?"

Hakupiga.

Mganga wa mtaa wa pili, ambaye pia alitengeneza redio, alikuja ofisini, akalinusa benchi, akakataa hata kufungua mkoba wake. "Mtu akifa na neno kooni, jini hulibeba lile neno akazunguka nalo. Huyu hakutumwa na mtu. Umemwalika mwenyewe kila siku kwa mdomo wako. Msikilize, ataondoka."

Kabla mganga hajafika mlangoni, binti wa marehemu alisimama dirishani, macho yamemwiva.

"Baba, gari lenu linakuja kesho asubuhi kubeba vitu vyangu. Hata cherehani ya mama. Nisikilize leo."

"Njoo ke..." Mzee Kesho alijiziba mdomo. Binti alimtazama, akageuka, akaenda zake.

Jioni ile hakukaa nyuma ya dirisha. Alikwenda kukaa kwenye benchi, ubaridi ukampenya suruali.

"Karibu, mama," alisema. "Sema neno lako."

Funguo zikanyamaza. Sauti ikaja karibu kabisa na sikio lake, nayo haikuwa na hasira. Hilo ndilo lililomtisha zaidi.

"Funguo nilizirudisha siku ile ile niliyohama. Nilikupa wewe, mkononi, ulikuwa unakunywa chai. Ukazitundika nyuma ya mlango. Kodi yangu iliishia hapo. Basi, ni hilo tu."

Aliinuka, akaingia ofisini, akafunga mlango kwa ndani, akainua koti lake kuukuu lililotundikwa nyuma yake. Kwenye msumari zilining'inia funguo mbili, zimefungwa uzi mwekundu wa cherehani. Alikumbuka mkono ule. Alikumbuka hata chai.

Usiku haujaingia, deni alikuwa amelifuta na gari amelizuia. Akaenda kwa binti kwa miguu, akamweleza yote akiwa nje, maana hakukaribishwa ndani.

"Neno lenyewe lilikuwa hilo?" binti aliuliza kutoka nyuma ya mlango.

"Hilo tu."

"Na ulishindwa kulisikia."

Komeo likaingia.

Nyumbani alitamani mno kumwambia mtu. Akapiga simu.

"Mwanangu, nina neno moja tu."

"Kesho, baba."

Akaiweka simu mezani. Jikoni kulikuwa kukavu, hapana harufu, hapana mlio wowote, na kimya kile kilimwelemea kuliko funguo. Ndipo kiti kilicho mbele yake kikavutwa chenyewe. Kisha cha pili. Kisha, huko barazani, vikasikika vikohozi vya watu wanaongoja zamu, wengi, waume kwa wake.

"Na sisi je?" iliuliza sauti ya mwanamume asiyemjua. "Ulituambia kesho."

Mzee Kesho alitazama simu, akatazama mlango. Kisha akavuta kiti chake, akakaa.

"Karibuni," alisema. "Nani anaanza?"