Uso Juu ya Kijiti

Jumamosi ya mwisho ya Machi, wiki ya mahafali ya shule, duka la vifaa vya keki pale katikati ya mji wa Iloilo lilikuwa limejaa hadi mlangoni. Gemma Sumagaysay alisimama kwenye foleni na mifuko minne ya chokoleti nyeupe kifuani, sketi yake ya bluu imepauka, nywele kazibana juu kwa penseli. Ndipo akamsikia mwanamume nyuma yake akimwuliza muuzaji.

"Dada, hii rangi yenu, mtu akiila, hafi?"

"Bado hajarudi mtu kulalamika," muuzaji akajibu bila kuinua uso.

Gemma akageuka. Mwanamume alikuwa mrefu, wa miaka arobaini hivi, shati lake limerukiwa na matone ya kila rangi, na alinuka tapentaini. Ameshika kichupa cha rangi kama mtu aliyepewa dawa asiyoijua.

"Chukua ya unga," Gemma akamwambia. "Hiyo ya maji ikigusa chokoleti inateleza tu."

"Nataka kuandika jina kwenye keki ya mpwa wangu. Nimezoea kuandika kwenye kuta."

"Ala, mchora mabango?"

"Ukiona 'Kuku wa Kuchoma' popote mji huu, ujue nyingi ni mkono wangu."

Gemma akacheka. Zamu yake ilipofika akatoa simu alipe, na picha ikajitokeza kwenye kioo. Mwanamume akainama.

"Hawa ni nini?"

"Sungura. Ni keki za vijiti, za sherehe za watoto."

Aliwatazama kwa muda. "Mbona kama wamepewa habari za msiba?"

Mtu mwingine angetukanwa. Lakini Gemma aliitazama picha upya, na kweli, wale sungura ishirini walikuwa wamefiwa. "Nina mkono wa kuoka," alikiri. "Wa kuchora sikupewa."

"Mimi nimepewa huo tu. Naitwa Rodel."

Jumamosi iliyofuata Rodel Gumban alikuwa jikoni kwa Gemma, na mama yake Gemma, Mama Pasing, alikuwa ameketi kwenye kona ya meza akimenya vitunguu saumu ambavyo hakuna aliyekuwa akivihitaji.

Gemma alimwonyesha kazi tangu mwanzo. Keki ya kiazi cha zambarau aliivuruga kwa vidole hadi ikawa kama mchanga laini, akaichanganya na krimu kidogo. "Ikizidi krimu, inaanguka kwenye kijiti. Ikipungua, inapasuka." Akaviringisha matonge, kila moja kama limao dogo. Ncha ya kijiti akaitia kwanza kwenye chokoleti iliyoyeyuka, ndipo akaichomeka, ili ikiganda ishike. Matonge yakaingia friji, yakatoka, yakakaa dakika kumi, yakachovywa. Akagonga kijiti pole pole ukingoni mwa bakuli hadi chokoleti ya ziada ikadondoka, kisha akakisimamisha kwenye kipande cha shina la mgomba.

"Sasa wewe," akasema.

Rodel alivuta pumzi na kuizuia. Brashi ilikuwa na nywele chache tu. Jicho, jicho, pua, na mdomo uliopinda kidogo upande mmoja. Sungura akawa anamtazama Mama Pasing kana kwamba wamegombana jana na leo anataka yaishe.

"Huyu siwezi kumla," alisema Mama Pasing.

Tangu hapo Rodel akawa anakuja kila Jumamosi. Siku za kazi, Gemma akiwa katika ofisi ya shule alikofanya kazi, simu ililia saa ya chakula.

"Uko wapi?"

"Juu ya ngazi. Naandika 'Meno ya Bandia'. Nimefika 'Ban'."

"Shuka kwanza ndiyo upige."

"Nikishuka nitakuja huko, kazi ilale. Umekula, langga?"

Gemma aliweka kijiko chini. Langga huitwa mtoto, au mtu uliyempa moyo.

"Umeniitaje?"

"Umesikia."

"Nimesikia. Rudia tu."

Alijua kuwa Rodel ni mgane. Mkewe, Delia, alikufa kwa maradhi ya figo miaka minne nyuma. Rodel alimwambia hivyo kwa sentensi moja huku akiosha brashi, naye hakuuliza zaidi. Gemma alikuwa na miaka thelathini na saba, na alishazoea kuishi bila kungoja mtu. Sasa alijikuta Ijumaa akichagua blauzi ya kuvaa kesho yake jikoni, mahali ambapo kila nguo huishia kuwa na unga. Aliona pia kuwa kila binti aliyechorwa na Rodel, malkia, malaika, nguva, alikuwa na kidoa cheusi chini ya jicho la kushoto.

"Hicho kidoa kinampendeza," alimwambia siku moja.

"Eti eh?" alisema Rodel, akaendelea kuchora.

Agosti wakapata kazi kubwa. Mama mmoja wa Jaro, mtaa wa hapo hapo mjini, alipiga simu kwa niaba ya wazazi wake waliotimiza miaka hamsini ya ndoa. Alitaka keki mia moja za vijiti, mabwana harusi hamsini wenye mashati meupe ya sherehe na mabibi harusi hamsini wenye shela. Walifanya kazi siku tatu. Siku ya karamu Rodel alikuwa na bango la kumalizia, kwa hiyo Gemma alikwenda peke yake, amevaa gauni la kijani lililopigwa pasi mara mbili.

Alikuwa akipanga vijiti mezani alipomwona mama mmoja mzee, mwembamba, mwenye kitambaa cheusi begani. Mama alimchukua bibi harusi mmoja, akamsogeza karibu na macho. Akamrudisha, akamchukua wa pili. Akamchukua wa tatu.

"Nani kachora hizi?"

"Rodel Gumban, mama. Tunafanya kazi pamoja."

"Sikujua kama bado anamchora mwanangu," alisema yule mama. Alikifunga kijiti kwenye kitambaa chake cha mkononi, taratibu. "Hata lile doa. Delia alizaliwa nalo."

Gemma alitazama meza. Nyuso za mabibi harusi zilimtazama, zote za mtu mmoja, zote zinatabasamu upande mmoja. Aliwaaga wenyeji kwa udhuru wa kuumwa kichwa, akaondoka hata bila kuchukua masinia yake.

Nyumbani alifungua simu akatazama picha za miezi mitano. Delia alikuwa malaika wa ubatizo. Delia alikuwa nguva wa mtoto wa jirani.

"Yule mtu anampenda marehemu," alimwambia mama yake.

"Ulitaka amchukie?"

"Nataka nijue ananiona mimi, au anamtafuta mwingine kwangu."

"Hilo kamwulize mwenyewe," Mama Pasing alisema. "Mimi hapa nakula keki zilizoharibika tu."

Simu ya Rodel ililia mara nne kabla hajapokea.

"Langga, vipi karamu?"

"Delia alikuwa na doa chini ya jicho la kushoto?"

Gemma alisikia pikipiki zikipita mahali alipokuwa Rodel.

"Nani kakwambia?"

"Wewe. Mara hamsini leo peke yake."

"Gemma, sikujua. Nakuapia sikujua kama mkono unafanya hivyo."

"Hilo ndilo linaloniuma. Ungekuwa unajua, ningekugombeza, yakaisha. Sina ugomvi na marehemu, Rodel. Nauliza tu, mimi niko wapi hapo?"

Zilipita pikipiki nyingine tatu. Gemma akakata simu.

Wiki saba zikapita. Gemma alirudi kuoka peke yake, keki zisizo na nyuso, zilizonyunyiziwa tu chembe za sukari za rangi. Wateja walipouliza, alisema mchoraji amebanwa na kazi. Rodel aliandika mabango. Jioni alikaa mezani kwake na mayai ya kuchemsha, akachora juu ya kila yai uso wa mwanamke yeyote aliyemjia kichwani. Kila mara kidoa kilitokea, na mara mbili alikiona baada ya brashi kuinuka.

Jumapili moja ya Oktoba, alasiri, mvua ikinyesha kwa fujo, Rodel alibisha hodi kwa Gemma. Mama Pasing alimfungulia, akamtazama toka kichwani hadi kwenye viatu vilivyojaa maji. Shati lake lilikuwa jeupe, bila tone la rangi.

"Pita, mwanangu. Hasira zake ziko jikoni."

Gemma alikuwa na bakuli la chokoleti mbele yake na matonge kumi na mawili yaliyopasuka ganda.

"Yametoka kwenye friji sasa hivi?" Rodel aliuliza.

"Umekuja kukagua?"

"Hapana." Alibaki amesimama. "Nimemchora Delia. Kwenye ubao, vizuri, kwa makusudi. Miaka minne sikuwahi. Niliona nikimchora nitakuwa nimekubali kuwa hayupo. Kumbe mkono ulikuwa ukinizunguka. Nimempelekea mama yake."

"Alisemaje?"

"Alilia. Halafu akasema nimekosea nywele."

Gemma aliinamisha uso asionekane akitabasamu. "Na sasa mkono umepona?"

"Juzi nimechora samaki kwenye bango la mgahawa. Nikamwekea doa."

Gemma alicheka, akakasirika kwa kucheka, akaufuta uso kwa kiwiko. Rodel akavuta kiti, akakaa mbele yake.

"Siwezi kukuahidi mkono, Gemma. Mengine naweza. Nimekaa meza hii miezi mitano nikitazama keki, nawe uko hapa. Sikukutazama vya kutosha. Nataka kukutazama mpaka tuzeeke. Nataka nikuoe."

Mvua ilipiga bati. Chokoleti ilikuwa imeanza kufanya ngozi juu, na Gemma hakuikoroga.

"Sitakujibu leo," Gemma alisema mwishowe. "Jumapili ijayo nipeleke kwa mama yake Delia. Nilimkimbia pale karamuni hata sikumuaga."

Wakaenda. Gemma aliuchukua mkono wa yule mama, akaugusisha kwenye paji la uso wake mwenyewe, kama wazee wanavyoamkiwa huko. Ubao wenye picha ya Delia ulikuwa umetundikwa juu ya cherehani. Kwa mara ya kwanza Gemma alimtazama Delia kwa utulivu. Alikuwa mwanamke wa meno makubwa, mwenye sura ya mtu anayependa ubishi.

"Alikuwa mbishi kweli?" aliuliza.

"Wee, acha tu," mama akasema, akavuta kiti.

Rodel aliachwa barazani na kikombe cha kahawa. Kwa saa nzima alisikia sauti za wanawake wawili ndani, kwanza za chini, kisha jina lake likatajwa, kisha kicheko, na hakuna aliyetoka kumweleza wanacheka nini.

Walirudi kwa miguu kando ya barabara iliyokauka nusu. Walipofika kona ya soko Gemma alipunguza mwendo.

"Ndiyo," akasema.

"Ndiyo nini?"

"Uliniuliza kitu Jumapili iliyopita."

Rodel alisimama katikati ya watu, wapita njia wakimpita kushoto na kulia. Alikuwa akimtazama usoni, nyusi, pua, kovu dogo la tetekuwanga kidevuni, bila haraka yoyote, na Gemma, ambaye hakuwahi kupenda kutazamwa, alisimama akamwacha atazame.