Chumvi Kwenye Sahani ya Wazee

Ilianza na kitu kidogo tu, sauti ya mtu anatafuna.

Rhonelle alivua hedifoni, akamtazama mwanawe Jadiel aliyelala fofofo kwenye kitanda chake kidogo, akaivaa tena. Ulikuwa mchana mweupe, jua linachoma mabati ya kijiji cha L'Esterre, na kwenye kompyuta palionekana chumba kitupu: meza, mshumaa, sahani imejaa. Hakuna mtu. Lakini ndani ya hedifoni mtu alikuwa anatafuna, taratibu, kwa fizi, kama ajuza asiye na meno. Halafu akatema. Ptu!

Chakula kwenye sahani hakikuwa kimeguswa.

Miaka yote Rhonelle alikuwa akipiga video za harusi na ubatizo wa watu, hapa kisiwani Carriacou na ng'ambo kule Grenada, anabeba kamera mwenyewe, anashika maikrofoni mwenyewe, anahariri mwenyewe huku mtoto ananyonya. Filamu hii ndiyo ilikuwa yake. Ilihusu saraka, karamu ya kuwalisha waliokufa, ya Ma Atilia, mama wa bibi yake, aliyekufa zamani na sasa alikuwa amemjia shangazi yao, Tanti Idonia, ndotoni, akidai chakula. Mzee akidai chakula ndotoni, ukoo unapika, ngoma zinapigwa, sahani ya wazee inawekwa chumbani pamoja na ramu, mlango unafungwa mpaka asubuhi. Haachwi mtu mle ndani, wala jicho. Na chumvi haitiwi kabisa, maana inawaunguza waliokufa.

Rhonelle aliyajua hayo tangu anaota meno. Ila wali ule kwenye kamera ulionekana mkavu, kama saruji, na yeye alikuwa na ile chupa ya maji ya chumvi anayowapulizia wacheza ngoma waonekane wametoka jasho. Kidogo tu, alijisemea. Akapulizia. Wali ukang'aa. Akaficha kamera nyuma ya kapu, akaiacha inarekodi, akatoka, Tanti akafunga mlango.

Sasa Jadiel hataki ziwa. Analishika, anavuta mara moja, anageuza uso na kulia, na mdomoni mwake kunanuka ramu na wali uliolala, mtoto ambaye hajaonja hata uji. Mashavu yakaingia ndani. Nesi wa kituo cha afya alimpima akasema hana ugonjwa, mnyonyeshe tu, kana kwamba hilo Rhonelle hakulijua.

Kisha ikaja ile adhuhuri. Rhonelle alikuwa ameketi mbele ya kompyuta akahisi ananyonywa, akashusha mkono ampapase mtoto kichwani kama kawaida yake, mkono ukapita hewani, akageuka akamwona Jadiel kule kitandani kwake, macho wazi, kimya, anatazama mapajani pa mama yake, na ziwa bado linavutwa, kwa nguvu, kwa fizi ngumu za baridi ambazo si za mtoto, na maziwa yanatoka, na yeye hawezi kuinuka wala kupiga kelele, na ndani ya hedifoni mtu anameza, funda kwa funda, mpaka ziwa likalegea likawa tupu kama mfuko.

Alimbeba mtoto akakimbia pekupeku hadi kwa Tanti Idonia.

"Tanti, nisaidie, ananimaliza, anamnyima mwanangu—"

"Punguza sauti." Tanti alifunga dirisha. Akamnusa Jadiel mdomoni, uso ukambadilika. "Ulifanya nini kwenye ile sahani?"

"Sikufanya—"

"Rhonelle! Usiniletee sinema zako hapa. Huyu mtoto amebaki kama njiti ya kiberiti. Ulitia nini?"

"Maji ya chumvi," alinong'ona. "Kidogo. Ing'ae."

"Ing'ae!" Tanti alicheka bila furaha. "Bibi wa watu ametoka huko aliko na njaa yake, wewe unampaka chumvi mdomoni apendeze kwa wageni. Na kamera?"

"Niliiacha nyuma ya kapu."

"Basi huyo si mzee tena, umeshamgeuza jini. Tunapika upya leo hii. Na hiyo filamu unaifuta mbele ya macho yangu. Yote. Au ukazae mwingine."

Walipika bila chumvi, wakaweka, wakafunga mlango. Rhonelle aliifuta filamu, kipande kwa kipande, Tanti amemsimamia kama askari. Hakusema kwamba nakala moja alikwisha kuituma kwenye tamasha la filamu kule Trinidad kabla Jadiel hajaanza kukataa ziwa. Angeweza kuwaandikia waitupe. Hakuandika.

Asubuhi sahani ilikuwa tupu, na Jadiel alinyonya. Alinyonya kwa pupa, mchana kutwa, akanenepa mpaka majirani wakatania kwamba huyu atamla mama yake. Rhonelle alicheka nao.

Kisha simu ikalia, mama mmoja wa lile tamasha la Trinidad.

"Dada, hongera! Filamu yako imechaguliwa. Hapa kila mtu anakuzungumzia wewe."

Rhonelle aliziba mdomo, machozi ya furaha yakamtoka. Jadiel alikuwa mapajani, ananyonya.

"Ila picha ya mwisho imetutoa roho," yule mama aliendelea. "Ule mlango umefungwa, halafu bibi kizee amekaa mezani na mtoto mchanga. Mtoto analia, anaita kabisa, mama, mama, na midomo haifunguki. Ulimfundishaje? Ni mtoto wa nani?"

Chumbani mle hakukuwa na mtu. Jadiel hajaanza kusema.

Rhonelle aliinamisha uso taratibu, hakutaka kutazama. Chozi lake likadondoka kwenye midomo ya mtoto. Mtoto aliacha ziwa, akakunja uso, akalionja.

Ptu! Akatema.