Sauti ya Inshirahi

Inshirahi alimwaga beseni la maji ya moto kwenye tundu la bafu la studio, na tundu likaguna.

"Hukusema bismillahi," alinong'ona dada yake, Niimati, aliyekuwa mshonaji wa mavazi ya waigizaji.

"Wewe nawe! Jini aje studio kutafuta nini, kazi?"

Wakacheka. Kuchekesha ndiko kulikompa Inshirahi mkate wake pale Kairo. Katika kila filamu ya nyimbo alikuwa rafiki wa bibi harusi: afungue mlango, acheze nyuma, apige vigelegele mwenzake akiolewa. Njiani watu waliijua sura, jina hawalijui. Kuimba hakupewa hata ubeti mmoja.

Adhuhuri hiyo waliweka santuri ili Bahija, nyota wa filamu, aifuatishe kwa midomo. Mdomo wa Inshirahi ukafunguka wenyewe. Ikatoka sauti nzito, tamu mno, ikaimeza santuri. Taa zikafifia, pakanuka nywele zilizoungua. Bahija aliangua kilio. Mwongozaji, Ustadhi Ramzi, machozi yakimtiririka, akapaza sauti, "Msizime kamera! Binti, hii uliificha wapi?"

Inshirahi alitaka kusema si yeye. Akaimba.

Basi akapewa wimbo wake mwenyewe, uso wake peke yake mbele ya kamera. Lakini nyumbani hakuweza hata kuomba maji, na kila alipojaribu kulia koo lilimvimba na kitu kikatambaa chini ya ngozi, kama kuna mtu humo ndani anayejigeuzageuza akitafuta ubavu wa kulalia, na Niimati, ameketi kando ya kitanda na kitambaa kibichi mkononi, hakuwa na la kufanya ila kutazama.

Akamwita Bibi Tafida, fundi wa kupunga majini, aliyekuja na ngoma zake na ubani.

"Unamtakia nini mtoto huyu?" Bibi Tafida aliuliza.

"Aliwaunguza wanangu," ilijibu ile sauti kwa kinywa cha Inshirahi, polepole. "Nilikuja kumuua. Halafu nikamsikia moyoni mwake. Miaka yote anaomba asikike. Nimempa."

"Toka!"

"Haya. Mmoja wetu atatoka."

Jogoo akachinjwa, ngoma zikalia mpaka Inshirahi akaanguka. Alipoinuka alisema kwa sauti yake ile ile ya zamani, "Dada, nina njaa." Niimati akamkumbatia, akalia kwa furaha.

Filamu ilipotoka, walikwenda onyesho la alasiri. Ukumbi ulifurika, watu wakitafuna mbegu za maboga. Inshirahi alikuwa mchangamfu, ameushika mkono wa dada yake. Ukafika wimbo wake. Uso wake ukajaa pazia zima la sinema, na watu wakaguna kwa raha.

Sauti iliimba mapenzi. Midomo haikuifuata.

Niimati akainama mbele. Midomo ile, mikubwa kuliko mlango, ilikuwa ikisema maneno mengine, na mtu yeyote angeweza kuyasoma kama angetaka. Ikayasema, ikayarudia, ikayarudia tena, huku macho yakiwa yamemkodolea yeye tu kati ya umati wote ule:

"Dada, huyo uliyekaa naye si mimi."

Ukumbi mzima ukapiga makofi. Ule mkono ulioshika wake ukakaza.

"Nimependeza, eti?" alinong'onezwa sikioni. "Usilie, dada. Watu wanatutazama."