Usiniite, Dada

Jua lilikuwa linazama Profesa alipomtuma karani wake chumba cha sita akachukue kinasa sauti. Kazi ya dakika mbili. Mkoba ulikuwa tayari begani, akili yote iko nyumbani kwa mama yake mgonjwa. Lakini bosi ni bosi.

Walikuwa wawili tu katika Idara ya Elimumpaka, elimu inayochunguza ukuta ulio kati yetu na waliokufa: unene wake, nyufa zake, sauti zinazopenya. Idara nyingine ziliwacheka. "Kwenu mwanafunzi akifeli mnamhamishia upande wa pili?" Karani naye alicheka. Miaka minne alichapa kurasa za Profesa, asisikie kwenye kanda zake zaidi ya mikwaruzo.

Kicheko kilimkauka wiki tatu nyuma, mdogo wake alipokufa. Walikuwa wamegombana juu ya nani amuuguze mama, karani akaropoka, "Heri ungekufa wewe!" Kesho yake kifua kikambana mdogo wake, siku ya nne akafa kweli.

Profesa alikuja msibani. Alimshika karani mkono, akauliza kwa upole, "Nyumbani mlikuwa mnamwitaje?"

"Tone. Alizaliwa mdogo mno."

Profesa akatikisa kichwa kwa huzuni. Karani akamwona muungwana.

Chumba cha sita hakikuwa na dirisha. Meza, kiti, kinasa sauti. Taa yake nyekundu ilikuwa inawaka.

Kilikuwa kinanasa tayari.

Akanyoosha mkono akizime. Hapo ikamjia harufu ya mafuta ya nywele... yale yale ya mdogo wake. Kisha, ndani ya ukuta, kikohozi. Alikijua. Alikisikiliza wodini siku tatu.

"Tone?"

Akasogea ukutani.

"Tone, ni wewe?"

"Dada..." Sauti ilitoka chini chini, kama ya mtu aliyejiziba mdomo kwa kiganja. "Usiniite. Nimejificha."

"Unamkimbia nani?"

"Ukiniita kinajua nilipo. Nyamaza, dada yangu. Nenda."

Angekwenda. Mpaka leo anaapa kwamba alikuwa anakwenda. Lakini lile neno lilikuwa limemkaa kooni wiki tatu, na alitaka kulitua pale pale.

"Sema kwanza umenisamehe."

Kitu kikajiburuza nyuma ya ukuta. Mbali. Kikasimama, kama kinachotega sikio.

"Dada, nakuomba..."

"Neno moja tu! Tone! Tone!"

Kile kitu kikaja mbio.

Ukawa ukelele mmoja. Haukukatika. Ulikokotwa mbali, mbali zaidi, mpaka ukawa mwembamba kama mlio wa mbu.

Karani aligeuka. Profesa alikuwa mlangoni, anatazama saa.

"Sekunde arobaini na moja tangu umwite mpaka kimfikie," alisema. "Nilimwita wiki nzima, hakuthubutu kujibu. Kumbe ni lazima aite wa damu yake." Akampa kitambaa afute machozi. "Pole. Umetusaidia sana."

"Ulijua?"

"Nilijua kinawinda. Sikujua kina mbio hivyo."

Asubuhi alimkuta Profesa amemwekea ile kanda mezani aichape. Alitaka kuikanyagakanyaga. Lakini sauti ya mwisho ya mdogo wake ilikuwa mle, na hakuwa na nyingine.

Akachapa maneno yake. Akachapa ya Tone. Akachapa: *ukelele*. Kanda ikaendelea. Pale alipokumbuka kimya, palikuwa na pumzi. Kisha sauti, si ya kiume wala ya kike, ikauliza kwa adabu:

"Mmebaki wangapi?"

Hakukumbuka kuulizwa kitu.

Na kwenye kanda akajisikia mwenyewe, ametulia kabisa, akijibu, "Wawili. Mimi na mama."

"Usiruke hapo," Profesa alisema nyuma yake. "Andika na jibu."

Alikimbia bila mkoba, bila kiatu kimoja. Nyumbani mlango ulikuwa wazi. Kitanda cha mama kilikuwa kitupu, shuka limeburutwa mpaka sakafuni.

"Mama!"

Akainama kutazama chini ya kitanda.

"Mama! Mama, uko wapi? Mama!"

Akamwona. Alikuwa amejibana nyuma ya kabati, mama wa watu asiyeweza hata kusimama, kiganja kimeziba mdomo, machozi yanamtiririka. Alikuwa anamtikisia mwanawe kichwa. Hapana. Hapana.

Nyuma ya ukuta, kitu kilichokuwa kinajiburuza kilisimama.